Mikono ya Mukombero

Amalemba, Kakamega
Jumatatu, 17 Novemba

Mpendwa dada yangu Mideva,

Pokea salamu zangu hapo Garissa, na zikukute umekaa, maana nakujua: wodi ikijaa wagonjwa wewe hunywa chai ya rangi ukaiita chakula cha mchana. Natumai u mzima na joto la huko halijakukausha. Sisi hapa tu wazima wa kiasi. Mvua inanyesha kila siku saa nane kama mtu aliyeajiriwa, mama anakusalimu, na jirani yetu mama Namalwa bado anauliza utaolewa lini. Nimemwambia aandike barua yake mwenyewe.

Utashangaa kupata karatasi badala ya simu. Simu zako nazipokea mbele ya mama, na nyumba yetu ni ya vyumba viwili; kibandani nako wateja wanasikia. Baba naye, tangu maneno yamkimbie, masikio yake yamekuwa makali kuliko ya paka. WhatsApp ndiyo kabisa haifai, kwa sababu yangu imefunguliwa kwenye ile kompyuta anayotumia yeye, na ujumbe wako ukiingia anausoma kabla yangu. Kwa hiyo nakuandikia hapa kibandani, kati ya mteja wa fotokopi na mteja wa kuchapa barua ya kuomba kazi, na bahasha nitampa Chelimo mwenzako, ambaye likizo yake inaisha Alhamisi. Nimemwapisha asiifungue.

Mengine unayajua, lakini niache nianzie mwanzo, la sivyo ninayotaka kukuambia hayatakuingia.

Unakumbuka baba alivyotoka hospitali mwaka juzi baada ya kiharusi. Mtu aliyeongoza wageni msituni Isecheno miaka thelathini na mmoja, aliyeweza kukuambia jina la ndege kwa kusikia mabawa tu, alirudi bila ulimi na bila mkono wa kulia. Yule binti wa mazoezi ya viungo alisema tumtafutie kitu cha kuchezesha vidole vya kushoto, visije vikalala navyo. Mimi nikamwekea mchezo wa kitoto kwenye kompyuta, wa kupasua mapovu. Baba akapasua mapovu siku mbili, siku ya tatu akaninyooshea kidole kwenye mchezo mwingine uliokuwa humo ndani, ule wa mtandaoni wa mapanga na mapango, ambao mimi mwenyewe nilishindwa nikauacha nikiwa kiwango cha kumi na mbili. Nikacheka. Nikampangia vitufe saba tu upande mmoja wa kibodi, nikamchagulia kazi ya tabibu kwa sababu tabibu hakimbii sana, na alipoulizwa jina akaandika Mukombero. Mzee wa miaka sitini na nane, mgonjwa, anajiita mzizi ambao wanaume hutafuna kwa sababu tunazozijua. Mama alimpiga kwapani kwa mwiko.

Kufika mwisho wa mwaka alikuwa kiwango cha themanini, ambacho ndicho cha juu kabisa. Mimi nilidhani amemaliza, tumpongeze, tuzime. Kumbe ukifika themanini ndipo umeandikishwa shule. Kila vazi la vita lina nambari yake ya nguvu. Pango la kwanza huruhusiwi kuingia kama mavazi yako hayajafika mia nne. Ukiingia na mkaliua zimwi la humo, huenda ukaokota kofia ya mia nne na kumi, ambayo itakuruhusu kuingia pango la pili, ambako kuna viatu vya mia nne na ishirini, ambavyo vitakuruhusu kuingia la tatu. Nilimweleza mama kwamba ni kama vijana wetu wanaosomea cheti ili waruhusiwe kusomea cheti kingine, na kazi hakuna. Mama akasema angalau huko kuna viatu.

Mapango hayo hayaingiliki peke yako. Baba akapata kikosi cha watu kumi, wanaokutana kila Jumamosi saa tisa mchana. Kiongozi wao ni Kiprono, kijana anayeuza mbolea na mbegu Likuyani. Wengine wako Kitale, Kisumu na wapi sijui. Wanazungumza kwa hedifoni. Baba hawezi kujibu, ila wakishinda pambano huandika neno moja au mawili kwa kidole kimoja, nao hungoja amalize, hata ikiwa dakika tano. Walimwita Mzee kabla hata ya kujua umri wake. Walipojua, wakazidi. Siku moja nilivaa hedifoni nikasikia msichana mmoja akimwambia, Mzee wetu, wewe hutuokoanga kila wiki, Mungu akuweke.

Mideva, nataka uelewe jambo hili kuliko mengine yote. Hapa nyumbani tunamlisha kwa kijiko. Tunamfuta mdomo. Wageni wakija wanatuuliza sisi, mbele yake, kama Mzee alilala vizuri. Lakini Jumamosi saa tisa kulikuwa na watu tisa ambao hawawezi kusimama bila yeye. Akikosea wanakufa, akipatia wanaishi. Alikuwa anadai kunyolewa kila Ijumaa. Anamfanya mama amvalishe shati la kola, na hao watu hawamwoni.

Kwa muda wote huo alikuwa amebakisha vazi moja tu, joho la tabibu linalotoka pango la mwisho kwa Zimwi la Majivu. Na muda ulikuwa unaisha, kwa sababu wenye mchezo walitangaza kwamba mwishoni mwa Novemba watafungua nchi mpya, na huko nguo za kuanzia tu zitashinda kila kitu alichokusanya baba kwa miaka miwili. Nilimuuliza basi ya nini kulitafuta joho litakaloisha thamani baada ya wiki chache. Aliniangalia kama nimeuliza kwa nini watu huoga na watachafuka tena.

Sasa Agosti ndipo alipata ule mshtuko mdogo wa pili, ule ambao wewe ulituelekeza kwa simu tumlaze ubavu. Wewe uliambiwa umepita salama. Ulipita, lakini ulichukua kitu mlangoni. Mkono wa kushoto ulianza kutetemeka, na mbaya zaidi, ulianza kuchelewa. Alikuwa anaona la kufanya, unaweza kuona machoni kwamba ameona, halafu kidole kinafika wakati maiti zimeshalala. Jumamosi tatu mfululizo kikosi kizima kilikufa mbele ya Zimwi, mara tisa kwa siku, mara kumi na moja. Hakuna aliyemlaumu. Mmoja tu anasema kwenye hedifoni si neno, tujaribu tena. Baba akitoka hapo shati limelowa.

Wiki ya pili ya Oktoba Kiprono alikuja Kakamega. Sikuwahi kumwona. Aliingia hapa kibandani na debe la mahindi mabichi begani, akaliweka chini, akasalimia kwa mikono miwili, akakataa kukaa. Tulizungumza mvua, tukazungumza bei ya mbolea, hadi nikajua amekuja na mzigo mwingine usioonekana. Mwishowe akasema kwamba kikosi kinampenda Mzee, lakini vijana wale nao wamesubiri mwaka mzima, na wengine wameanza kumnong'oneza kwamba wamepata tabibu mwingine. Yeye kama kiongozi ndiye wa kumwambia, ila ameshindwa. Baba yake mwenyewe ni wa umri huo, na kwao kijana hamwambii mzee ondoka kwenye kiti. Akaniomba nimwambie mimi, kama mwana mkubwa wa mji. Akafuta macho akisingizia vumbi la karatasi.

Nilimwahidi. Jioni hiyo nilifika nyumbani na maneno yakiwa tayari mdomoni. Baba alikuwa amekaa anaangalia video ya watu wengine wakilipiga Zimwi la Majivu, anairudisha nyuma, anaangalia tena, huku kidole kinagonga meza kujizoeza. Nilimuuliza kama amekula. Siku ya pili nilimuuliza kama dawa zimebaki ngapi. Siku ya tatu nilimnyoa ndevu. Nilimpigia Kiprono nikamwambia ampe Mzee Jumamosi tatu tu, nimemnunulia kibodi mpya iliyo laini, ile ya zamani ndiyo ilikuwa na shida.

Na kweli, Jumamosi iliyofuata Mukombero wa zamani akarudi. Kikosi kilifika hadi nusu ya uhai wa Zimwi. Ile nyingine wakalibakizia robo. Mama akasema Mungu hajalala, akaenda kutoa shukrani kanisani. Tarehe mosi Novemba, saa kumi kasorobo, Zimwi la Majivu likaanguka. Wewe mwenyewe ulisikia kwa simu mama alivyopiga vigelegele, na ukaniambia ulilia kwenye korido hadi mgonjwa akakuuliza nani amekufa. Joho likatoka. Watu wawili walikuwa na haki nalo, lakini Kiprono hakuuliza mtu. Alisema ni la Mzee, na wote wakaitikia. Uliniambia nimwambie baba kwamba unajivunia. Nilimwambia. Alitikisa kichwa.

Sasa dada, nisomee pole pole hapa.

Hakucheza yeye.

Ile kibodi mpya haikuunganishwa na kitu. Kila Jumamosi kabla hajakaa niliuchomoa waya wake nyuma ya kompyuta, nikauficha chini ya kile kitambaa cha mama cha kufuma, halafu nikakaa kwenye kochi nyuma yake na kibodi nyingine isiyo na waya juu ya mapaja, nimeifunika kwa faili la wateja. Nilikuwa nimejifunza kazi ya tabibu hapa kibandani wiki nzima, nimefukuza wateja. Nilijiambia siyo uongo kabisa, kwa sababu Jumamosi ya kwanza niliangalia kidole chake tu, akibonyeza nami nabonyeza kile kile, ila mimi sichelewi. Akikosea namrekebisha kidogo. Alikuwa bado ni yeye, nilijiambia hivyo. Mimi ni mkono tu. Alipomaliza akageuka akanitabasamia na ule upande mmoja wa uso unaotabasamu. Tangu hospitali sikuwa nimeona hilo tabasamu, na nikaona nimefanya jambo jema.

Tarehe mosi Zimwi lilibakiza uhai wa kijiko. Watu wanne walikuwa wanakufa kwa pamoja na Kiprono anapiga kelele. Nikasahau kuangalia kidole. Nilikuwa nabonyeza kama mtu anayeokoa nyumba inayoungua, na Mukombero anafanya kila kitu sawasawa, anamponya huyu, anamfufua yule. Halafu nikainua macho.

Mikono ya baba ilikuwa mapajani. Yote miwili, ule mzima umeushika ule uliokufa. Sijui ilikuwa hapo kwa muda gani. Alikuwa ametulia anaangalia skrini jinsi mtu anavyoangalia mpira wa watu wengine, na kwenye skrini Mukombero alikuwa anaendelea kuponya watu. Hakugeuka nyuma. Ningeweza kuacha, Mideva, lakini ningeacha, tisa wangekufa, na wangejua aliyewaua ni nani. Sikuacha. Niliendelea mbele yake, mgongo wake ukiniona.

Zimwi lilipoanguka wote walinyamaza kungoja Mzee aandike neno. Kibodi yake ni mbao tu. Walingoja. Baba naye alingoja, hata hakuigusa. Nikaandika mimi: Asanteni wanangu. Kwa hiyo hata neno moja alilokuwa amebakiza, nalo nilimsemea.

Kesho yake Jumapili mama alichinja ingokho kusherehekea, yule kuku mweusi aliyekuwa anamtunzia Krismasi. Tuliketi sisi watatu na obusuma, ugali wetu, mezani. Mama akapakua kama kawaida, imondo akaiweka kwenye sahani ya baba, kama alivyoiweka maisha yake yote, kwa sababu firigisi ni ya mwenye mji na hatukuwahi hata kuitamani. Wewe uliiba mapaja, uliiba shingo, lakini ile hukuithubutu. Baba akaiangalia. Akaichukua kwa mkono wake wa kutetemeka. Ilimwangukia mezani mara moja, akaiokota. Kisha akanyoosha mkono akavuka meza, ikachukua muda mrefu sana, akaiweka kwenye sahani yangu.

Mama alicheka kidogo, akasema mzee wake leo amechanganyikiwa kwa furaha, akanyoosha mkono airudishe. Baba akamshika kifundo cha mkono. Hakumwumiza, ila alimshika hadi akaelewa. Mama akaurudisha mkono wake akautia chini ya leso.

Niambie wewe ningefanya nini. Chakula alichokupa baba kwa mkono wake hukirudishi, huko ni kumtemea mate. Na kukila ni kukubali mbele ya mama, na baba yupo, amekaa, anapumua, kwamba mji una mwenyewe mwingine. Nimekaa wiki mbili natafuta njia ya tatu na sijaipata. Walikuwa wananiangalia wote wawili. Nikaila. Ilikuwa ngumu, unajua imondo ilivyo, nikatafuna na kutafuna huku machozi yananitoka, na baba akangoja hadi nikameza ndipo akafungua mdomo wake mama amlishe.

Nilidhani angalau hapo mchezo umeisha. Usiku ule nilichomoa kompyuta nikaifunika. Ijumaa akamwashiria mama amnyoe. Jumamosi saa tisa kasorobo akavuta kiti, akakaa na shati lake la kola, akavaa hedifoni, akaweka mkono juu ya kibodi ambayo anajua haina uhai. Halafu akageuka akaniangalia pale kwenye kochi, akangoja. Hakuwa na hasira. Ningependa angekuwa na hasira. Nimefikiri sana, na ninaamini anaogopa nisije nikaaibika mbele ya wale tisa, kwa hiyo ananifichia uongo wangu. Kwa hiyo tunakaa. Mimi nacheza nyuma, yeye mbele anachezesha vidole, Mukombero amevaa joho lake, na Kiprono anamsifu kwamba tangu apate kibodi nzuri amekuwa kijana. Juzi tumefanya hivyo tena. Mwisho wa mwezi nchi mpya inafunguliwa, na kikosi kimeshampangia Mzee nafasi ya kwanza. Watataka nguvu mia tano. Siwezi kuendelea na siwezi kuacha. Nikimwambia Kiprono ukweli, nimemvua baba nguo mbele ya watu pekee wanaomheshimu. Nikinyamaza, kila Jumamosi namkalisha kwenye kiti chake kama sanamu.

Wewe kazi yako ni kuwaambia watu habari mbaya na kesho yake bado wanakusalimia. Nakuomba unifundishe unaanzaje. Mama hajui kuhusu waya, anajua tu ile ya mezani, na hajaniuliza lolote. Ila jana mchungaji alikuja kutuombea na mama akachinja tena. Nilimkazia macho alipokuwa anapakua, nikimwomba kimoyomoyo. Hakusita hata kidogo. Aliiweka imondo moja kwa moja kwenye sahani yangu, mbele ya mgeni, na baba alikuwa tayari amefungua mdomo alishwe.

Nisalimie Chelimo ukishapokea, na wote wa wodini wanaonijua kwa sauti ya simu. Ukipata ruhusa Desemba, njoo. Usipoipata, njoo hivyo hivyo. Mama anasema ulete zile tende. Baba, nilipomwonyesha kwa ishara kwamba nitakuandikia, aliweka mkono kifuani, nami nakuletea hiyo salamu kama alivyoitoa.

Ni mimi kaka yako,
Andati Shitanda